Mpaka Ulichorwa na Nani? Maongezi juu ya Nchi za Afrika na Mji Wetu wa Kisangani

(Maongezi ya redio, yamepigwa chapa kwa ajili ya wale wasiokuwa na redio, na kwa wazee wa mitaa wanaotaka kuyasoma mbele ya watu.)

 

Leo nataka tuzungumze juu ya neno moja tunalolisikia kisimani, sokoni, hata kwenye foleni ya dawa. Mtu anagombana na mwenzake kwa ajili ya ndoo ya maji, na hasira ikipanda anamwambia: "Rudi kwenu." Ni maneno mawili tu, lakini yanachoma. Mama aliyeyasikia anajiuliza usiku: kwetu ni wapi? Ni kule nilikokimbia, ambako nyumba imechomwa? Ni hapa, ambako watoto wangu wanalala? Na ni nani aliyesema kwamba mstari unapita hapa, upande huu wangu, upande ule wako?

Swali hilo ni la historia. Tulijibu basi kwa historia, polepole, tukianza na Afrika nzima na kumalizia hapa kwetu.

Kwanza tuione nchi

Chukua kijiti, chora Afrika mchangani. Leo Afrika ina nchi 54 zilizo wanachama wa Umoja wa Mataifa. Katikati ya mchoro wako weka Kongo yetu. Ina eneo la kilomita za mraba zipatazo 2,345,000, na majirani tisa: Kongo-Brazzaville, Afrika ya Kati, Sudani ya Kusini, Uganda, Rwanda, Burundi, Tanzania, Zambia na Angola. Ni nchi chache za Afrika zenye majirani wengi namna hiyo. Mwenye majirani tisa ana milango tisa ya biashara. Ana pia milango tisa ya kuingilia vita.

Sasa chora mto. Mto Kongo unatoka kusini ukiitwa Lualaba, unapanda kaskazini, unavuka mstari wa ikweta, unapinda magharibi, kisha unaivuka ikweta mara ya pili kabla ya kushuka kwenda baharini. Kisangani iko karibu na pale mto unapovuka mara ya kwanza. Kati ya Ubundu na hapa kuna maporomoko saba, na la mwisho ndilo lile la Wagenia. Masuwa yanayotoka Kinshasa hupanda kilomita zipatazo 1,700 na kufika kwetu, halafu basi, hayawezi kuendelea. Kwa sababu hiyo Wabelgiji walijenga reli ya kilomita 125 kutoka ng'ambo ya kushoto mpaka Ubundu, ikafunguliwa mwaka wa 1906, ili mizigo iyazunguke maporomoko.

Mnaona maana yake? Mji wetu ulizaliwa mahali pa kushusha mzigo, mahali ambapo msafiri hulazimika kusimama, kuuza, kununua na kutafuta pa kulala. Tangu mwanzo ni mji wa watu waliofika.

Nani walifika?

Wagenia walikuwa hapa na mitego yao juu ya maporomoko. Walokele walipita mtoni na mitumbwi ya biashara. Kisha wakaja watu wa misafara kutoka pwani ya mashariki, Waungwana, pamoja na Hamed bin Muhammed wa Unguja, tunayemjua kwa jina la Tippu Tip. Walikuja kutafuta pembe za ndovu, na walichukua watu utumwani. Tusilifiche hilo. Lakini walileta pia lugha hii ninayosema nanyi sasa. Stanley alipita mwaka wa 1877, akarudi mwaka wa 1883 na kuacha kituo kisiwani kwa niaba ya Mfalme Leopold wa Ubelgiji. Mwaka wa 1887 watu wa Leopold walimfanya Tippu Tip kuwa liwali wa hapa, kwa sababu hawakuwa na nguvu ya kumwondoa.

Baadaye mji uliitwa Stanleyville. Wakaja makarani, mafundi wa reli, askari, watu wa mashamba, kutoka Uele, Ituri, Maniema na Ekwateri. Katika miaka ya 1930 serikali ya Wabelgiji iliiweka mitaa ya Waafrika wa mijini nje ya utawala wa masefu wa desturi. Yaani katika mitaa ile hakukuwa na kabila moja linaloitwa "mwenye mtaa". Ulikaa kwa karatasi yako na kazi yako. Wababu wa wengi wetu walianza hivyo. Kwa hiyo mwenyeji wa Kabondo akimwambia mgeni "rudi kwenu", ajiulize kwanza babu yake mwenyewe alishuka kwenye suwa gani, au alitoka na lori la barabara gani.

Mistari ya Ulaya

Sasa turudi kwenye mchoro mkubwa. Kuanzia Novemba 1884 mpaka Februari 1885 wajumbe wa serikali 14 walikutana Berlin, Ujerumani. Hakukuwa na Mwafrika hata mmoja mezani. Watu wengi husema kwamba siku zile waligawanya Afrika yote kama keki. Haikuwa hivyo kabisa. Kule Berlin walikubaliana juu ya biashara, juu ya kupita mto Kongo na mto Niger, na juu ya sheria za kuchukua pwani. Mistari yenyewe ilichorwa kwa mikataba mingi, miaka mingi iliyofuata, serikali mbili mbili, kila moja ikivuta upande wake. Mpaka wetu na Uganda na Rwanda, kwa mfano, ulikuja kupangwa Brussels mwaka wa 1910, miaka 25 baada ya Berlin.

Walichora kwa kutumia nini? Walitumia mito, maziwa, vilele vya milima, na mahali vingine mistari ya digrii, inayoonekana kwenye karatasi tu. Mlimaji hawezi kuiona digrii shambani mwake. Ndiyo maana Wazande wakajikuta katika nchi tatu: Kongo, Sudani na Afrika ya Kati. Waaluru wa Mahagi wana ndugu zao wa damu Uganda. Wakongo wa kule Kongo Central wana ndugu Angola na Brazzaville.

Sikilizeni habari ya Arua, mji ulio leo Uganda, karibu na Aru yetu ya Ituri. Sehemu ile iliitwa Lado. Mwaka wa 1894 Waingereza walimkodisha Leopold. Leopold akafa Desemba 1909, na mwaka wa 1910 Lado ikarudishwa Sudani. Mwaka wa 1914 upande wake wa kusini ukatiwa ndani ya Uganda. Mkulima wa kule, ambaye hakuondoka penye kibanda chake hata siku moja, alitawaliwa na serikali tatu katika miaka michache. Je, huyo mkulima "kwao" ni wapi? Kwao ni pale alipolima. Mistari ndiyo iliyokuwa ikitembea, siyo yeye.

Mistari ya ndani

Wakoloni hawakuchora mipaka ya nje peke yake. Kwa amri ya mwaka wa 1910, kisha ile ya 1933, walipanga nchi katika usefu na sekta, na kila mtu akaandikwa kwa sefu wake. Hapo zamani makabila yalikuwapo, na ugomvi ulikuwapo pia. Lakini jamaa iliyogombana na mkubwa wake iliweza kuhama, kuvuka kijito, kuomba ardhi kwa wengine, kuoa kwao na kuwa watu wa pale. Karani alipofika na kitabu chake, jamaa ile ikaandikwa upande mmoja, na watoto wao pia. Kitu kilichokuwa kama mlango kikawa kama ukuta.

Ninasema haya kwa sababu leo watu wanagombana wakisema: "Mpaka wetu ni wa tangu wababu." Pengine ni kweli. Pengine pia ni wa tangu karani. Wazee wachunguze kabla vijana hawajashika mapanga.

Mwaka wa 1964

Uhuru ulipofika, viongozi wa Afrika walikuwa na swali zito: mipaka hii ya wageni, tuiache au tuifute? Umoja wa Nchi za Afrika ulianzishwa Addis Ababa tarehe 25 Mei 1963. Mwaka uliofuata, Julai 1964, viongozi walikutana Cairo. Tanganyika na Zanzibar zilikuwa zimekwisha kuungana, na Mwalimu Julius Nyerere ndiye aliyesimamia azimio hili: kila nchi iheshimu mipaka aliyoikuta siku ya uhuru wake.

Je, walifanya hivyo kwa kuipenda kazi ya wazungu? La. Waliona kwamba tukianza kurekebisha mstari mmoja, itabidi turekebishe yote, na kila mstari utalipiwa kwa damu. Somalia na Moroko hazikukubali, na zilikuwa na sababu zao. Wengine waliomba mstari mpya na wakaupata, lakini tazameni bei yake. Eritrea ilipata uhuru mwaka wa 1993 baada ya vita vya miaka 30. Sudani ya Kusini ikawa nchi tarehe 9 Julai 2011 baada ya vita virefu sana, na Desemba 2013 wenyewe kwa wenyewe wakaanza kupigana ndani ya mpaka wao mpya. Basi mstari mpya peke yake hauleti amani.

Mwaka uleule wa 1964, wiki chache baada ya mkutano wa Cairo, tarehe 4 Agosti, Wasimba waliingia Stanleyville. Wazee wetu wanakumbuka miezi ile mpaka tarehe 24 Novemba, askari wa miavuli wa Ubelgiji waliposhuka. Wapo waliouawa kwa sababu walijua kusoma, na wapo waliouawa baadaye kwa sababu walidhaniwa kuwa Wasimba.

Mzee ambaye hajahama

Fikirini mzee aliyezaliwa hapa mjini mwaka wa 1955 na ambaye hajahama kamwe. Alizaliwa Stanleyville, katika Kongo ya Wabelgiji, jimbo la Oriental. Mwaka wa 1960 akawa mtu wa Jamhuri ya Kongo. Kongo ilianza na majimbo sita, ikayakata mpaka yakafika 21, na jimbo la Oriental likapasuliwa mara tatu. Yeye akawa mtu wa Kongo ya Juu. Mwaka wa 1966 yakaunganishwa tena, na mji ukaitwa Kisangani. Mwaka wa 1971 nchi ikawa Zaire, na jimbo likawa Zaire ya Juu. Mwaka wa 1997 likarudi kuwa Oriental. Mwaka wa 2015 majimbo ya Kongo yakawa 26, na Oriental ikakatwa mara nne: Tshopo, Ituri, Uele ya Juu na Uele ya Chini.

Mzee huyu amepewa majina mengi kuliko mashati aliyonayo. Siku moja ndugu yake wa Bafwasende na ndugu yake wa Mambasa walikuwa wa jimbo moja. Kesho yake mmoja ni wa Tshopo na mwingine ni wa Ituri. Je, damu yao ilibadilika usiku ule? Mto wetu unaitwa Lualaba juu ya maporomoko, na chini yake unaitwa Kongo. Maji ni yale yale.

Lakini mpaka una faida gani?

Hapa mtu ataniambia: "Bwana, ikiwa mpaka ni mchoro tu, basi tuufute, kila mtu alime anapotaka." Hapana, ndugu yangu. Sikiliza habari nyingine, ya hapa hapa.

Tarehe 5 mpaka 10 Juni 2000, jeshi la Rwanda na jeshi la Uganda yalipigana ndani ya Kisangani. Majeshi mawili ya nchi za nje, katika mji usio wao. Mabomu zaidi ya 6,000 yalianguka. Mamia ya raia walikufa, wengine wengi wakajeruhiwa, na maelfu wakakimbia. Wahenga walisema kwamba wapiganapo tembo, ziumiazo ni nyasi. Sisi tulikuwa nyasi. Tarehe 16 Juni Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa, kwa azimio namba 1304, liliyaamuru majeshi hayo kutoka.

Kongo ikapeleka mashitaka mbele ya Mahakama ya Kimataifa ya The Hague. Rwanda haikuhukumiwa, kwa maana haikuwa imekubali mamlaka ya mahakama ile. Lakini tarehe 19 Desemba 2005 Uganda ilionekana na kosa, na tarehe 9 Februari 2022 ikaamriwa kulipa dola milioni 325. Pesa haimfufui mtu. Hata hivyo, jiulizeni: Kongo ilishitaki kwa nguvu gani? Haikuwa nguvu ya mizinga. Ilisema: huu ni mpaka wangu, umeandikwa, unajulikana, na jeshi hili liliuvuka. Mstari ule ule uliochorwa na wageni ulikuwa ushahidi wa mnyonge.

Hilo ndilo neno la maongezi yetu. Mpaka ni chombo, kama panga la shamba. Ukilitumia kufyeka, unakula. Ukilitumia kumpima jirani yako kama ni mtu au si mtu, unaua. Mpaka unatuambia nani atajibu juu ya shamba lipi, nani atatengeneza barabara ipi, nani atashitakiwa kwa kosa lipi. Hautuambii nani ana haki ya kunywa maji.

Na sisi leo?

Mji wetu una komini sita. Tano ziko upande wa kuume wa mto, na Kabondo ni mojawapo. Ya sita, Lubunga, iko peke yake ng'ambo ya kushoto. Mwaka wa 2023 ugomvi wa ardhi kati ya Wambole na Walengola uligeuka kuwa mapigano kule Lubunga na njia ya kwenda Ubundu. Nyumba zilichomwa, watu waliuawa, na maelfu wakavuka mto kuja upande huu. Wote wawili, Mmbole na Mlengola, walikuwa wakivuka na mitumbwi ile ile kwenda soko lile lile. Sitasema leo nani ana haki juu ya kipande gani. Hiyo ni kazi ya wenye kusikiliza pande zote mbili. Nitasema tu yale ambayo historia inatufundisha.

Kwenu masefu na wazee: mpaka usioandikwa ni moto uliofunikwa na majivu. Sheria ya ardhi ya tarehe 20 Julai 1973 ilisema kwamba ardhi ni mali ya Taifa, ikaacha haki za wanaolima kwa desturi zikingoja amri nyingine ya Rais, iliyongojewa miaka mingi. Katika nafasi ile iliyo wazi ndimo ugomvi unamoingia. Basi msimpe mtu ardhi, awe maskini au awe kampuni, kabla ya kutembea mpaka kwa miguu pamoja na jirani wa upande wa pili, wanawake wanaolima wakiwapo, na kuandika mlichokiona: kijito, mti, jiwe, kaburi. Wote watie sahihi au kidole. Kule Ulaya waliochora hawakutembea, na waliotembea hawakuulizwa. Msirudie kosa lile.

Kwenu mliokimbia: kutokuwapo si kupoteza. Katiba yetu ya mwaka wa 2006, kifungu cha 30, inampa kila mtu aliye nchini haki ya kutembea, kukaa anapotaka, kuondoka na kurudi. Jioni moja kaeni pamoja, mwandike majina ya wale mliopakana nao mashambani, pande zote nne, hata kama mmoja wao ni wa kabila mnalogombana nalo. Huyo ndiye shahidi wako bora. Na mtu akikujia hapa kukununulia shamba la kule kwa bei ya njaa, usikubali upesi. Uliza wazee kwanza.

Kwenu wenyeji wa Kabondo: najua mzigo ni mkubwa. Chumba kimoja kinalala jamaa mbili, na bei ya muhogo imepanda. Kuchoka si dhambi. Lakini mwaka wa 2000 ninyi pia mlikimbia, na kuna mtu aliyewafungulia mlango. Mkichoka, semeni na mkuu wa komini, ombeni msaada kwa sauti. Msimtupie mgeni lile neno "rudi kwenu".

Maswali ya kuzungumza nyumbani au chini ya mti

1. Babu au bibi yako alifika Kisangani kutoka wapi, na kwa kazi gani?
2. Mpaka wa shamba lenu unajulikana kwa alama gani? Nani wa upande wa pili anaikubali alama hiyo?
3. Katika mtaa wenu, nani husikiliza ugomvi wa kisima au wa ardhi? Je, mwanamke na mgeni wana nafasi ya kusema mbele yake?
4. Kuna karatasi gani iliyobaki, na kuna mzee gani anayejua, ambaye inafaa aulizwe kabla hajaondoka duniani?

Ndugu wasikilizaji, kwa leo tunakomea hapa. Ukiisha kusoma, usiikunje karatasi hii uweke mfukoni. Mpe jirani wa upande wa pili. Mbaki na amani.